Kuoga Katikati ya Theluji: Safari ya Siku Moja Kwenye Chemchemi za Aisilandi

Sisi tunaoishi karibu na ikweta, tutokapo kazini jioni huku jasho likitutiririka, huoga ili kuupoza mwili. Iko nchi moja mbali huko kaskazini ambako mambo ni kinyume. Huko mtu huvua koti zito, sweta mbili na soksi za sufu, akasimama karibu uchi mbele ya upepo uliotoka kupita juu ya barafu, kisha akajitosa katika maji ya kijito ili apate joto. Nchi hiyo ni Aisilandi, kisiwa kilichomo katika Bahari ya Atlantiki, chini kidogo tu ya Mzingo wa Aktiki. Ukubwa wake ni kilomita za mraba zipatazo 103,000, na wakazi wake hawatimii laki nne.

Nauli ya kufika huko si haba, na wengi wetu yamkini hatutaipata. Hata hivyo nakualika tusafiri pamoja kwa kusoma, kwa siku moja tu, mwezi wa Februari, kutoka mji mkuu wa Reykjavík hadi mahali paitwapo Landmannalaugar, katika nyanda za juu zisizokaliwa na watu. Ni umbali wa karibu kilomita 180. Wakati wa kiangazi mabasi hufika huko. Wakati wa baridi njia zake hufungwa kwa magari ya kawaida, wala mgeni hawezi kwenda bila mwenyeji anayeijua nchi yake.

KWA NINI MAJI YAWE MOTO PENYE BARAFU

Kwanza tujiulize swali ambalo kila mtoto angeliuliza: maji hayo hupashwa na nani?

Gamba la dunia yetu si kipande kimoja. Limegawanyika katika mabamba makubwa yanayosogea polepole mno. Aisilandi imekalia mpaka wa mabamba mawili, la Amerika ya Kaskazini na la Ulaya na Asia, ambayo huachana kiasi cha sentimita mbili kila mwaka. Penye ufa huo mwamba ulioyeyuka hukaribia uso wa nchi. Mvua na theluji iliyoyeyuka huzama ardhini, hukutana na mawe yenye moto, kisha hupanda tena juu kupitia nyufa ikiwa maji ya moto au mvuke.

Jambo hili si geni kwetu. Bonde letu la Ufa nalo ni mahali ambapo gamba la dunia linapasuka, ingawa kwa mwendo wa polepole zaidi. Ndiyo maana maji yanachemka kando ya Ziwa Bogoria nchini Kenya, na ndiyo maana ziko chemchemi za maji moto Songwe, karibu na Mbeya. Tofauti ni hali ya hewa tu. Huku mvuke hupanda na kupotea katika hewa yenye joto. Kule hupanda kama moshi wa tanuri, ukaonekana kutoka mbali. Wahenga wa Aisilandi walipouona mvuke huo kandokando ya bahari, waliuita mji wao Reykjavík, yaani Ghuba ya Moshi.

KABLA YA KUONDOKA

Safari huanza saa mbili asubuhi, na nje bado ni giza. Usishangae. Mwishoni mwa Desemba jua la Reykjavík huchomoza karibu saa tano na nusu mchana, likazama saa tisa na nusu alasiri. Kufikia katikati ya Februari mwanga umerudi kiasi: jua huonekana tangu saa tatu na nusu asubuhi hadi karibu saa kumi na mbili jioni. Ndiyo sababu tumeuchagua mwezi huu.

Kiongozi wa safari, ambaye ndiye dereva pia, atakukagua kabla hujapanda gari. Atataka kuona viatu visivyopitisha maji, glavu, kofia ya kufunika masikio, na nguo za ndani za sufu. Nguo za pamba hazifai, kwa kuwa zikishalowa hubaki na unyevu na kuunyang'anya mwili joto lake. Atakuuliza kama umechukua vazi la kuogelea na taulo, na pengine atakushauri uchukue taulo ya pili. Chakula nacho hubebwa, kwa sababu huko tuendako hakuna hoteli wala genge. Wenyeji hupenda kubeba samaki mkavu, ambaye humpaka siagi wakamtafuna hivyo hivyo, na mkate mweusi wa shayiri nyekundu. Mahali pengine, kama Laugarvatn, mkate huo huokwa kwa kuufukia ndani ya chungu katika udongo wenye moto, ukaachwa humo kwa muda wa saa 24.

Jambo la mwisho atakaloliangalia kiongozi ni taarifa ya hali ya hewa. Huko mvua si ya kuogopwa sana, wala baridi peke yake. Adui mkubwa ni upepo. Upepo wa Aisilandi huweza kuung'oa mlango wa gari mara tu abiria anapoufungua, na huweza kuichota theluji iliyokwisha kulala ardhini na kuirusha hewani hata usiuone mkono wako. Ikiwa taarifa ni mbaya, kiongozi atasema safari haipo. Baadhi ya wageni hunung'unika, maana wametoka mbali na wamelipa. Lakini huyo anayekataa kuondoka ndiye kiongozi wa kuaminiwa. Wakipotea watu nyikani, wanaotoka usiku kwenda kuwatafuta ni vikosi vya uokoaji vya raia wanaojitolea bila mshahara: mafundi, walimu, wavuvi, watu wenye watoto wao nyumbani. Ubishi wa mgeni mmoja huweza kuhatarisha maisha ya watu hao wote.

GARI LA TAIRI NENE

Tukiwa tumejaliwa hali nzuri, tunaondoka kuelekea mashariki. Baada ya muda mfupi barabara hupanda uwanda wa Hellisheiði, na humo gizani huonekana taa na nguzo za mvuke mweupe. Ni kituo cha umeme cha jotoardhi, kilichofunguliwa mwaka 2006, chenye uwezo wa megawati 303 za umeme. Licha ya umeme, hupeleka mjini maji ya moto kwa mabomba. Kituo kingine kilicho jirani, Nesjavellir, kilianza kuipelekea Reykjavík maji ya moto mwaka 1990 kwa bomba la kilomita 27. Bomba hilo limefunikwa vizuri hata maji hayapotezi nyuzi mbili za joto njiani, ijapokuwa theluji imelilalia.

Tukishuka upande wa pili tunaukuta mji mdogo wa Hveragerði. Nyumba zake za vioo zinawaka taa kama sokoni usiku. Ndani yake wakulima wanaotesha nyanya, matango na maua kwa joto la ardhi, huku nje kila kitu kimeganda. Humo ipo hata migomba, na mgomba uliozungukwa na theluji ni kitu cha kumfanya msafiri kutoka Bukoba au Kilimanjaro atabasamu.

Mbele zaidi mashamba yanapungua, na kulipopambazuka mlima wa volkano uitwao Hekla unajitokeza, umevaa theluji tangu kileleni hadi miguuni. Mlima huu ulilipuka miaka ya 1947, 1970, 1980, 1991 na 2000. Watu wa Ulaya wa zama za kati waliamini kwamba ndio mlango wa jehanamu.

Lami inapokwisha, kiongozi husimamisha gari na kushuka. Hapo ndipo utakapofahamu kwa nini tairi za gari hili ni nene na refu kupita za lori. Anazipunguza upepo moja baada ya nyingine, hata zinakuwa laini na kutandazika. Tairi iliyojaa upepo hukata theluji na kuzama. Tairi iliyolegea hutandaza uzito wa gari, nalo likapita juu juu, kama vile unyayo mpana wa ngamia unavyopita juu ya mchanga.

Kuanzia hapo hakuna barabara inayoonekana. Kuna weupe tu, na vigingi vichache vinavyochungulia. Mawingu yakishuka, mbingu na nchi huwa rangi moja, na abiria hawezi kutambua kama gari linapanda au linateremka. Kiongozi hufuata chombo kinachoonyesha njia kwa msaada wa setilaiti, na huongea kwa redio na gari jingine, kwani aghalabu magari huenda mawili mawili. Wafikapo penye kijito, hushuka na kuipima barafu kwa mti au chuma kabla ya kuvuka. Sheria ya nchi hukataza kabisa gari kuiacha njia ardhi inapokuwa wazi, kwa sababu kuvumwani kunakoharibiwa na tairi huchukua makumi ya miaka kuota tena. Ni pale tu ardhi inapokuwa imeganda na kufunikwa na theluji ndipo gari huruhusiwa kupita juu yake.

Mara nyingine, baada ya saa nne za mwendo, kiongozi husimama, akaitazama anga, akasema, "Tunarudi." Hapo pana jaribu. Bwawa liko kilomita chache mbele, na mvuke wake pengine unaonekana. Lakini asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Na katika nyika hii kuvunjika guu ni bahati njema.

NDANI YA MAJI

Siku ya leo imekubali, nasi tumefika. Landmannalaugar ipo mita zipatazo 600 juu ya usawa wa bahari, ndani ya hifadhi ya Fjallabak iliyoanzishwa mwaka 1979. Milima yake ni maarufu kwa rangi za manjano, nyekundu, kijani na buluu, lakini sasa rangi hizo huchungulia tu mahali upepo ulipofagia theluji. Kando ya uwanda limesimama tuta jeusi la mawe ya volkano, lenye ncha kali. Ni tope la moto lililomwagika karibu mwaka 1477 na kugandia hapo. Chini ya tuta hilo ndipo maji ya moto yanapotokea.

Njia ya kufika majini ni ya mbao. Usiiache. Katika maeneo ya namna hii gamba la udongo huweza kuwa jembamba, na chini yake mkawa na tope linalochemka. Mwisho wa njia lipo jukwaa la mbao, na hapo ndipo ujasiri wako utakapopimwa. Unavua. Upepo unakuuma mgongoni, nyayo zinawaka kwa baridi. Mzaha wote uliokuwa ukipigwa ndani ya gari unakoma. Kisha unashika ngazi, unatia mguu, na joto linapanda polepole hadi shingoni.

Maji hapa huwa kati ya nyuzi 36 na 40, sawa na maji ya kumwogeshea mtoto mchanga. Uzuri wake ni kwamba kijito cha moto na kijito cha baridi hukutana katika bwawa moja, hivyo kila mtu hujichagulia mahali pake. Apendaye joto kali hujisogeza kwenye chanzo. Akizidiwa, hurudi nyuma hatua mbili. Hakuna mlinzi wala bomba la kufungua. Nywele zilizolowa na mvuke hugeuka nyeupe kwa barafu, na kijana wa miaka ishirini huonekana mzee wa miaka themanini. Watu wasiojuana huanza kuzungumza. Meneja na kuli hawatambulikani humo, kwa kuwa wote wamevua sare zao na wote wana vichwa vyeupe.

Hapa ndipo panapofaa kueleza maana ya jina la mahali hapa. Landmannalaugar maana yake ni mabwawa ya kuogea ya watu wa Land, na Land ni jina la wilaya iliyo upande wa bondeni. Watu hao walikuwa wakulima na wachungaji. Kila mwaka mwishoni mwa kiangazi walipanda nyanda hizi kutafuta kondoo waliotawanyika milimani, wakitembea kwa siku nyingi katika mvua na ukungu, kabla baridi haijawafungia njia. Hapa ndipo walipolala na kuoga wakiwa wamechoka. Basi bwawa hili ambalo leo watalii hulilipia fedha nyingi, lilipewa jina na wachunga kondoo wenye miguu iliyovimba.

Kiongozi hatakuruhusu ukae majini bila kikomo. Maji ya moto hutanua mishipa ya damu na kushusha shinikizo lake, hivyo mtu akiinuka ghafla huweza kupata kizunguzungu na kuanguka. Mwenye maradhi ya moyo na mama mjamzito hupaswa kumwona daktari kabla ya kufunga safari. Pombe haifai kabisa, maana humfanya mtu ajione ana joto wakati mwili wake unalipoteza. Wakati wa kutoka, kausha kichwa kwanza, kisha kifua, vaa haraka bila kusimama kupiga picha, na kunywa kitu cha moto. Kuingia ni starehe. Ajali hungoja wakati wa kutoka.

WANAWAKE WALIOBEBA NGUO

Safari ya kurudi hufanyika gizani. Anga likiwa wazi, pazia la mwanga wa kijani huweza kutanda juu ya milima. Huo ni mwanga utokanao na chembe za jua zinapogonga hewa ya juu ya dunia. Saa tatu au nne za usiku tunaingia tena Reykjavík, na barabara kuu ya maduka tunayoikuta imejaa taa inaitwa Laugavegur. Jina hilo maana yake ni Njia ya Chemchemi, na ndani yake kuna habari ambayo haimo katika picha za watalii.

Zamani, karibu kilomita tatu kutoka mjini, zilikuwapo chemchemi za maji moto. Kwa kuwa kuni na makaa ya mawe vilikuwa ghali, wanawake wa Reykjavík walikwenda kufulia huko. Walikuwa wake wa maskini na watumishi wa matajiri. Walibeba mgongoni nguo, beseni, sabuni na chakula chao, wakatembea juu ya theluji, wakafua mchana kutwa, kisha wakarudi na mzigo uliokuwa mzito zaidi kwa sababu ya maji. Wako walioteleza wakatumbukia katika maji yanayochemka wakafa. Mwanzoni mwa karne ya 20 vyuma viliwekwa juu ya chemchemi ili kuwakinga. Barabara ya Laugavegur ilianza kutengenezwa mwaka 1885 ili kuwarahisishia akina mama hao mwendo.

Mwaka 1930 mji huo ulianza kuyaleta maji kwa watu badala ya watu kuyafuata maji. Visima vilichimbwa mahali pale pale pa kufulia, bomba la kilomita tatu likalazwa, na majengo ya mwanzo kupashwa joto hilo yakawa ni pamoja na shule ya watoto, hospitali, na makumi ya nyumba za wananchi. Bei ya mafuta ilipopanda ghafla mwaka 1973, nyumba nyingi za nchi hiyo zilikuwa bado zinategemea mafuta, na hapo uchimbaji ukaongezwa kasi. Leo karibu nyumba tisa katika kila kumi hupata joto lake kutoka ardhini. Karibu kila mji una bwawa lake la kuogelea lenye maji ya moto, na watoto hufundishwa kuogelea shuleni kama wanavyofundishwa hesabu. Mfanyakazi atokaye zamu jioni, theluji ikimwangukia kichwani, hupita huko akaoga na wanawe kabla ya kwenda nyumbani. Anachotakiwa ni nauli ndogo ya mlangoni, na kujisugua kwa sabuni uchi wa mnyama kabla ya kuingia. Sharti hili halina msamaha, hata kwa mgeni mwenye haya.

NA SISI JE?

Elimu ya jotoardhi ya Aisilandi haikubaki kisiwani. Tangu mwaka 1979 wataalamu kutoka nchi nyingi zinazoendelea wamekuwa wakipata mafunzo ya jotoardhi mjini Reykjavík, na Wakenya ni miongoni mwa waliokwenda kwa wingi. Mtambo wa kwanza wa Olkaria, karibu na Naivasha, ulianza kutoa umeme mwaka 1981. Basi huenda taa inayokuangazia unaposoma gazeti hili ukiwa Nairobi inawashwa na mvuke wa Bonde la Ufa, ukiendeshwa na fundi aliyewahi kuona nywele zake zikiganda katika baridi ya Februari.

Nasi tunazo chemchemi zetu, na familia ya mjini yenye akiba kidogo huweza kuzitembelea siku ya mapumziko bila kununua koti la sufu. Ukienda Bogoria au Songwe, wachukue watoto, lakini washike mkono: maji ya huko yanaunguza, si ya kuogelea. Mtafute mwenyeji akuongoze, umlipe haki yake, na umsikilize anapokwambia usikanyage mahali fulani. Muulize pia mahali hapo paliitwaje na wazee, na ni nani walikuja kuchota, kuoga au kufua hapo kabla ya watalii. Kisha waeleze watoto njiani mkirudi, wangali macho.